Kichaka cha Jukwaa Namba Moja

Jumatatu, 6 Mei

Barua kutoka makao makuu! Imeletwa na treni ya saa nne, bahasha ina mihuri miwili, na dereva alinikabidhi huku akinitazama kama mtu anayekabidhi maiti. Nikajua mapema. Habari njema hupigwa muhuri mmoja.

Nimeisoma nimesimama. Nikaisoma tena nimekaa. Wanasema stesheni mbili katika kipande hiki cha reli ni nyingi mno. Moja itabaki. Nyingine itakuwa kituo cha kusimama tu: bango na benchi, basi. Wafanyakazi wake watahamia ile iliyobaki, wawe chini ya mkuu wa pale. Mkaguzi atapita Alhamisi ya wiki ijayo, aangalie usafi, utunzaji wa kumbukumbu, na "mandhari ya bustani".

Daftari langu, hiyo stesheni nyingine ni ya wifi yangu.

Unanielewa? Dada wa mume wangu. Mkuu wa stesheni kama mimi, kilomita ishirini na mbili kutoka hapa. Akishinda yeye, kila asubuhi mpaka nistaafu nitamwambia "Shikamoo, mkuu" mwanamke aliyetangaza siku ya harusi yangu kwamba kitambaa cha gauni langu kingetosha kushonea watu wawili na kubaki cha foronya ya mto. Nikishinda mimi, yeye ndiye atanisalimu hivyo. Nimeifikiria hiyo shikamoo yake mara tatu leo. Nimetubu mara mbili.

Mandhari ya bustani, jamani! Wifi ana kisima. Ana maua mekundu yanayopanda ukuta, meupe yanayopanda mekundu, na mengine kwenye mikebe ambayo hata yeye hayajui majina. Mimi nina mchanga. Mchanga na kichaka kimoja.

Kichaka kiko mwisho wa jukwaa namba moja. (Namba mbili halipo, ila kanuni inataka kila jukwaa liwe na namba.) Cha kijivu. Hakifiki kiuno. Matawi yake yanavunjika ukiyatazama kwa jicho kali. Nina miaka kumi na moja hapa na sijaona kimetoa ua hata moja. Mwalimu mstaafu anayekuja kuchukua magazeti yake aliwahi kuniambia kwamba ni mmea wa jangwani, wa jamii ya alizeti, na hutoa maua ya njano kikitaka chenyewe.

Kikitaka chenyewe! Wiki hii kitataka.

Nimefunga mlango wa ofisi, nikapiga magoti kati ya meza na kabati. Nimemwomba Mungu maua. Idadi sikutaja, nisije nikaonekana nampangia kazi.

Jumanne, 7 Mei

Kwa kanuni, siwezi kuruhusu treni iondoke hapa kabla sijampigia wifi kumuuliza kama njia iko wazi. Naye vivyo hivyo kwangu. Mara nne kwa siku. Tumewahi kununiana miezi saba, na mara nne kwa siku tukaulizana njia. Treni haijui watu wamenuniana.

Leo amejibu njia iko wazi, halafu kwa sauti ya asali akauliza kama nimepata barua. Nikasema barua gani. Akasema ile ya mihuri miwili, wifi yangu kipenzi. Akasema nisiwe na wasiwasi hata kidogo, ameshanifikiria, atanitafutia kazi nyepesi ya kukaa, kwa sababu anajua magoti yangu.

Magoti yangu yana nini?

Nikakata simu kwa nguvu. Kisha nikakumbuka sijamwuliza kuhusu treni ya mizigo. Ikabidi nipige tena. Aliacha ilie mara kumi na mbili.

Nimeanza kumwagilia. Ndoo mbili asubuhi, mbili jioni. Mume wangu ndiye mshika ishara wa stesheni hii, kwa hiyo kazini yuko chini yangu, nyumbani tunaelewana. Si msemaji. Amekuja, ametazama ndoo, amesema kile ni kichaka cha jangwani. Nikamwambia ngamia naye ni wa jangwani na maji anakunywa. Akarudi kwenye ishara zake.

Jumatano, 8 Mei

Ndoo nne. Maji yetu huletwa na behewa la tangi kila Alhamisi, kwa hiyo leo tumeoga kwa kikombe. Mume wangu ameoga kwa kikombe bila kusema neno, jambo linaloniuma kuliko kama angelalamika.

Lakini majani yamevimba! Yamekuwa ya kijani! Nimeyashika moja moja kama mama anayepapasa meno mapya ya mtoto. Asante, Mola.

Alhamisi, 9 Mei

Majani yameanguka. Yamebaki saba.

Dereva wa treni ya saa nne ametoa kichwa dirishani na kuniuliza, mbele ya abiria, kwa nini namwagilia ufagio.

Mwalimu mstaafu alikuwepo. Baada ya treni kuondoka amechuchumaa, ametikisa kichwa, akaniambia kwa upole kwamba mmea kama huu ukinyweshwa ghafla namna hii unadhani mvua kubwa imenyesha. Sasa niuache. Nisiuguse kabisa. Kiu ikirudi utajua wakati umefika, utafanya wenyewe kinachotakiwa kufanywa. Nimuachie Mungu na jua.

Nimemshukuru sana. Nimeona kuna hekima kubwa hapo. Nitauacha kabisa mpaka Jumamosi.

Jumamosi, 11 Mei

Haukufanya kitu.

Asubuhi nimeifungua Kanuni ya Stesheni, kile kitabu cha jalada la bluu, kuona nini kinatakiwa kabla ya ukaguzi. Nimekuta kipengele cha kumi na nne: "Kila kilichosimama wima ndani ya eneo la stesheni kipakwe chokaa nyeupe kuanzia ardhini hadi usawa wa kiuno." Hiyo naijua. Kila mwaka tunapaka mawe ya njiani, nguzo za taa, shina la mti uliokauka nyuma ya choo, na ile ndoo ya mchanga wa kuzimia moto. Lakini leo nimesoma neno kwa neno. Kila kilichosimama wima.

Kichaka kimesimama wima.

Miaka kumi na moja nimekuwa navunja kanuni bila kujua! Mkaguzi angeanzia hapo hapo. Pengine wifi alijua, akanyamaza.

Nimechanganya chokaa ndoo nzima. Tatizo limejitokeza katikati ya kazi: kanuni inasema hadi usawa wa kiuno, na kichaka chote kiko chini ya kiuno. Nimejaribu kiuno changu. Nimemwita mume wangu tujaribu chake. Hapana. Kote chini. Kwa hiyo nimekipaka chote. Kila tawi. Majani saba pia, mbele na nyuma, kwa brashi ya kupakia namba za mabehewa.

Kinang'aa. Ukisimama ofisini unaona kitu kama uti wa mgongo wa ng'ombe umechomekwa mchangani. Lakini ni safi.

Mume wangu amekitazama muda mrefu. Amesema, "Haya, Mama." Tu.

Jumapili, 12 Mei

Baada ya sala nimejisikia mwepesi na mwenye upendo kwa watu wote. Saa nane wifi akashuka kwenye treni.

Huja Jumapili ya pili ya kila mwezi kumsalimu kaka yake. Leo amekuja na shada la maua yake mekundu, kubwa kama mto, akaniwekea mezani juu ya kitabu cha mahudhurio. Akasema amekata machache tu, hata pengo halionekani.

Kisha akasema anataka kunyoosha miguu. Akanyoosha moja kwa moja hadi mwisho wa jukwaa. Akasimama mbele ya kichaka. Akaniuliza nani amefariki.

Nikamweleza kipengele cha kumi na nne. Akakigusa kwa kidole kimoja, akakifuta kidole kwa leso, akaikunja leso upande wa ndani. Akasema, "Pole, wifi yangu. Magoti siku hizi yanakusumbua sana, eeh?"

Nikaenda kuchemsha chai ili nisijibu. Nilipochungulia dirishani bado alikuwa pale, kanipa mgongo, ameinama. Dakika nzima! Alikuwa anafanya nini? Nimeuliza. Amesema alikuwa anafunga kamba ya kiatu. Nimeangalia viatu vyake alipopanda treni. Havina kamba.

Haya yaandikwe.

Jumatatu, 13 Mei

Leo Mungu amenifungulia kabati.

Nilikuwa natafuta kalamu nyekundu. Kabati la chini, nyuma ya bendera kuukuu, nikakuta rundo la fomu za mizigo iliyopotea. Fomu namba tisa. Za njano! Njano ile ile ya alizeti, njano ya yai la kienyeji. Niliketi sakafuni nikacheka peke yangu.

Najua utaniuliza, daftari langu: huo si udanganyifu? Nimelitafakari hilo saa nzima, tena nikiwa nimefunga, sijala tangu jana jioni. Nimeona hivi. Kichaka ni cha kweli. Rangi ni yake. Gundi nimeipata kwenye matawi yake mwenyewe: ukikwaruza gome kunatoka utomvu wa dhahabu unaonata vidole na kunukia kama nyumba ya ibada siku ya sikukuu. Kwa hiyo kichaka kinachangia. Mimi nakisaidia tu kama mkunga. Mkunga hadanganyi.

Nimekata petali kwa mkasi wa ofisi, kumi na mbili kila ua, katikati nimechora vidoti kwa wino. Fomu tupu zimeniishia kwenye ua la kumi na tisa. Zilizobaki zilikuwa zimejazwa na abiria, miaka na miaka. Nimefikiri: fomu ikishajazwa, kazi yake imekwisha. Nimeendelea kukata.

Mume wangu amenishikia kopo la gundi. Ameuliza kama hao watu waliojaza walijibiwa. Nikamwambia maombi yao yanapumzika.

Jumanne, 14 Mei

Maua sitini na moja!

Ukiwa mbali, ah! Unaweza kulia. Nyeupe na njano, kama kitambaa cha mezani cha wageni. Dereva wa saa nne amepiga honi mara mbili na kuvua kofia. Abiria wametoa vichwa. Mama mmoja amemnyanyua mwanawe aone. Mwalimu mstaafu tu ndiye aliyekaribia, akavaa miwani, akaivua, akaifuta, akaivaa tena, kisha akakumbuka ana haraka.

Mchana nimempigia wifi kuomba njia. Akasema amesikia kichaka changu kimechanua. Nikasema, ah, kidogo tu. Akauliza rangi. Nikasema ya njano, wifi yangu, hata mapengo hayaonekani. Akasema njia iko wazi, kwa sauti kavu ambayo sijawahi kuisikia tangu niolewe na kaka yake.

Usiku wa leo nitalala kama mtoto. Mola ni mwema.

Jumatano, 15 Mei

Hujuma!

Saa kumi na mbili na nusu asubuhi nimekwenda kuhesabu maua yangu. Sitini na moja yapo. Lakini yapo na mengine. Kumi na manne! Sikuyabandika mimi.

Nitayaeleza kama ushahidi. Madogo kuliko yangu. Petali hazilingani, nyingine imejikunja, moja ina tundu. Hayakubandikwa tawini kama yangu bali yamechomekwa kwenye vijiti vyembamba virefu, juu kabisa ya kichaka, chokaa imepasuka pale vijiti vinapotokea. Hayana maandishi. Njano yake ni kali kupita kiasi. Ukiyagusa yana unyevu, na yanaacha unga wa njano kidoleni. Yananukia asali, mtu amejipa kazi ya kuyapaka asali! Nyuki wawili walikuwa wamedanganyika kabisa, wanaingia na kutoka.

Nani mwenye ustadi wa maua kiasi hicho? Nani aliinama mbele ya kichaka hiki Jumapili dakika nzima kwa viatu visivyo na kamba? Nimeuelewa mpango wote. Ameweka maua ya bandia yaliyotengenezwa vizuri kuliko yangu, ili kesho mkaguzi akiyalinganisha aone yangu ni ya karatasi. Mwanamke yule!

Nimemwita mume wangu. Ametazama. Amesogea. Kwa mara ya kwanza tangu Pasaka nimeona meno yake.

Akasema, "Mama, hayo ni maua."

Nikamwambia najua ni maua, nauliza ni ya nani.

Akasema tena, taratibu, kama mtu anayesomea mgonjwa barua, kwamba hayo ni maua, yameota. Nikamwambia asimtetee dada yake. Ndugu ni ndugu, naelewa, lakini kazini tuwe na haki. Ameshusha pumzi ndefu. Amekwenda kukaa kwenye kibanda chake cha ishara na hakutoka mpaka treni ya saa sita.

Nimeyaondoa kwa mkasi. Kazi! Gundi gani hii anatumia? Hayabanduki, lazima uyakate, na ukikata panatoa maji. Nimeyaweka yote kumi na manne kwenye bahasha, nimeandika juu: "Kielelezo A. Kughushi." Nyuki wamenifuata hadi mlangoni.

Nimemsamehe wifi katika sala ya jioni. Lakini bahasha nitaitoa.

Alhamisi, 16 Mei

Amekuja.

Mkaguzi ameshuka kwenye treni ya saa nne. Mtu mfupi, viatu vina vumbi, miwani imefungwa uzi, mkononi faili. Amekagua choo: amepiga alama ya vema. Mawe: vema. Ndoo ya mchanga: vema, amesema amependa ilivyopakwa. Ofisini ameona kitabu cha mahudhurio kina utomvu kwenye jalada, akafuta vidole kwenye suruali.

Kisha bustani.

Amesimama hatua kumi kutoka kwenye kichaka, akapiga mluzi mdogo wa kustaajabu. Akauliza kwa nini matawi ni meupe. Nikamfungulia kipengele cha kumi na nne. Amekisoma mara mbili, akapima kichaka kwa kiuno chake, akakubali kwamba ndivyo kilivyoandikwa. Vema!

Halafu akafanya jambo ambalo sikulifikiria. Akainama kunusa.

Watu kwa nini wananusa maua? Macho hayawatoshi?

Aliinama, akatulia. Akavuta miwani. Akasoma, kwanza kwa sauti ndogo, halafu kubwa: "Begi moja la bluu, zipu mbovu. Ndani: jozi moja ya viatu vya kanisani, dawa ya kikohozi ya mama." Akahamia ua la pili. "Mara ya nne naandika. Naomba tu mnijibu hata kama hamkuliona." La tatu: "Cherehani. Ndiyo kazi yangu. Tafadhali." Mume wangu, sijui alitaka kunisaidia vipi, akainua mkono wa ishara ingawa hakukuwa na treni.

Mkaguzi ameyabandua yote sitini na moja, moja moja, akiyanyoosha juu ya paja. Kumi na tisa tupu akanirudishia. Arobaini na mawili akayatia kwenye faili, akaniandikia risiti: "Nimepokea maua 42." Akauliza watu hawa walijibiwa lini. Nikasema maombi yao yapo katika hatua. Akauliza hatua gani. Nikaangalia kichaka.

Hapo nikatoa Kielelezo A. Nikamwambia, mheshimiwa, kabla hujahukumu, tazama na hujuma niliyofanyiwa. Akaimimina bahasha kwenye kiganja. Kumi na manne, yamenyauka kidogo. Akayanusa. Akaniambia haya ni maua. Nikamwambia haswa! Akanitazama, akamtazama mume wangu. Mume wangu akatazama reli.

Akapanda treni kwenda kwa wifi. Nikalazimika kupiga simu kuomba njia. Nimeuliza kwa sauti ndogo. Amejibu iko wazi, wazi kabisa, wifi yangu, kwani una mafua?

Cherehani. Nimelifikiria lile la cherehani mchana kutwa. Nitamwombea huyo mtu.

Jumatano, 22 Mei

Barua! Mihuri miwili!

Nimempa mume wangu asome, mimi nikafumba macho. Amesoma polepole. Kwa mujibu wa Kanuni ya Stesheni, kipengele cha thelathini na moja, stesheni yoyote yenye madai ya mizigo ambayo hayajajibiwa haiwezi kufungwa mpaka dai la mwisho lijibiwe. Stesheni yangu ina madai arobaini na mawili. Stesheni ya wifi, kwa kuwa kumbukumbu zake ni safi, haina dai hata moja la kuizuia isifungwe.

Kwa hiyo imefungwa.

IMEFUNGWA! Nimeruka. Nimekumbatia kabati. Nimeimba mistari yote ya wimbo wa shukrani, hata ule wa tatu ambao huwa tunauruka. Nimemwambia mume wangu unaona? Unaona mkono wa Mungu? Kama ningewajibu wale watu kwa wakati tungekuwa benchi na bango!

Akasema kuna ukurasa wa pili.

Kwa ubora wa kumbukumbu zake, mkuu wa stesheni iliyobaki atakuwa wifi. Mimi nitakuwa karani wa mizigo iliyopotea. Kazi, wameandika, ya kukaa.

Jumatatu, 27 Mei

Wifi amehamia leo. Mikebe kumi na tano ya maua, saa ya ukutani, mapazia. Nimesimama mlangoni. Nimesema, "Shikamoo, mkuu." Ameitikia bila haraka, akaacha kidogo, kama mtu anayeonja mchuzi. Kisha akanivutia kiti. Kina mto. Wa magoti, amesema.

Usidhani nimekata tamaa, daftari langu. Nimekaa kwa utulivu na kujichunguza mbele za Mungu, nikakubali kosa langu waziwazi, bila kujitetea. Kosa langu lilikuwa karatasi. Karatasi inasomeka. Mapazia ya wifi ni ya njano.

Siku nzima nimejibu madai, yale arobaini na mawili ambayo makao makuu wameyarudisha. Nimeandika barua nne. Yule wa cherehani nimemwandikia ya kwanza kabisa, kurasa mbili, nimemwomba radhi na kumwambia namwombea. Cherehani yenyewe sikuiona.

Lakini hiki ndicho nilichotaka kukuambia. Hujuma imerudi. Saa nne nimetoka kunyoosha mgongo, nikakuta mwisho wa jukwaa kichaka kimefunikwa! Chokaa inabanduka vipande vipande, majani mapya ya rangi ya fedha yamejaa, na hayo maua yake ya kughushi nimeyahesabu mpaka sabini, nikachanganyikiwa kwa sababu ya nyuki. Jukwaa lote linanukia asali. Abiria walikuwa wanashuka kutazama, dereva wa saa nne kachelewesha treni dakika sita.

Amewezaje? Meza yangu inatazamana na yake. Tangu saa moja asubuhi sijamwondolea macho. Ana msaidizi, bila shaka. Na mume wangu nimemkuta pale jioni, mikono mgongoni, anatabasamu peke yake.

Nilipotoka na mkasi, wifi alinikimbilia. Alikimbia kweli, mwanamke wa umri ule! Akanishika mkono, akaniomba nisiyakate, akasema tangu azaliwe hajaona kitu kizuri namna ile, na hata maua yake yote kwenye mikebe hayafikii. Macho yalikuwa na machozi. Kama si yeye aliyeyabandika, inamuuma nini?

Nimeyakata yote. Yamejaza ndoo mbili.

Sasa nimemaliza sala, nimebaki na ombi moja, nalo nitaliomba kila siku mpaka nijibiwe. Ee Mola, mimi siombi mengi. Siombi hata ukuu wa stesheni. Ua moja tu kwenye kile kichaka, moja, la kweli, nimwonyeshe yule mwanamke tofauti.